Magunia ya Rambirambi

Wapo wanaopenda kuanza kwa kusema hapo kale palikuwa na nchi. Mimi siwezi, maana nchi ninayoisimulia bado ipo, na leo asubuhi imenihesabu kwenye foleni. Jina lake sitalitaja. Kulitaja kunahitaji kibali, na fomu za kibali zimekwisha tangu mwaka juzi. Itoshe kusema kwamba ina mvua za kutosha, mahindi mengi, na Idara ya Sifa Njema, ambayo mimi, Hamduni, niliitumikia miaka kumi na mmoja bila kuchelewa kazini hata siku moja.

Idara hiyo ilikuwa ndani ya Kinu cha Taifa, kinachosaga unga wa mahindi uitwao Sembe Tukufu. Unga mwingine hakuna. Uliwahi kuwapo, lakini wenye vinu vidogo walielimishwa na polisi, wakaelewa. Kwa hiyo kila nyumba, kila shule na kila gereza lilisonga ugali wa Sembe Tukufu, kutoka katika pakiti ya njano yenye picha ya mkono wa Mheshimiwa Rais umeshika mwiko. Mkono tu. Uso wake ulikuwa umetengewa stempu.

Kazi yangu ilikuwa kuandika taarifa kwa vyombo vya habari. Asubuhi niliandika kwamba kila kitu kiko sawa. Mchana nilikanusha uvumi kwamba kuna kitu hakiko sawa. Kazi ikiisha nilikwenda kula kwa dada yangu Siwema, aliyekuwa mama lishe nje ya geti la kiwanda cha sabuni. Siwema alikuwa mjane mwenye binti mmoja, Chiku, wa miaka tisa. Mama yetu alipofariki, Siwema aliacha shule akiwa darasa la tano ili anilee mimi. Kwa hiyo kila sentensi nzuri niliyowahi kuiandikia Serikali ilitokana na shule aliyoikosa yeye.

*

Mambo yalianza kwenye ghala. Mabati ya ghala yalikuwa yameezuliwa ili kujenga jukwaa la kusherehekea miaka ishirini ya ghala. Sherehe ilifana sana. Hotuba zilikuwa tisa. Kisha masika yakaingia, mahindi yakalowa, na kwa kuwa ratiba ya kusaga ilikuwa imesainiwa na Waziri, yakasagwa hivyo hivyo, na unga wake ukapigwa muhuri wa shehena, K7.

Mkemia wetu, Bwana Lugendo, mtu mnyoofu aliyekuwa akivaa koti jeupe hata siku za mapumziko, alimletea Mkurugenzi karatasi. Nilikuwapo, maana mimi ndiye niliyekuwa nikiandika kila kisemwacho mbele ya Mkurugenzi, ili baadaye kibadilishwe.

Mkurugenzi wetu alikuwa Dakta Mapembe. Udaktari wake alitunukiwa na chuo alichokizindua mwenyewe.

"Nini hiki?" aliuliza.

"Sumukuvu, Mkurugenzi. Imeenea K7 yote. Mtu akiula huo unga mfululizo, ini linaharibika. Macho yanageuka njano, tumbo linajaa maji, mwishowe anakufa."

Dakta Mapembe alivua miwani. "Bwana Lugendo, sumu, kuvu, kuharibika, kufa. Maneno manne ya namna hiyo, ndani ya jengo la chakula! Hivi wewe umelelewa wapi?"

"Lakini vipimo, Mkurugenzi..."

"Vipimo ni vyako. Jengo ni la Taifa."

Lugendo akahamishiwa bustanini, akawa anapima afya ya maua ya mbele ya lango. Mimi nikapewa siku moja kutayarisha msamiati mpya. Nikafanya kazi hiyo vizuri, sitaficha. Sumukuvu nikaiita ukomavu wa nafaka. Kuugua nikakuita kuzoea ladha. Kufa kulinisumbua kidogo, lakini kabla ya chakula cha mchana nilikuwa nimepata: kusitisha matumizi. Dakta Mapembe alinipa mkono.

Jioni ile Siwema aliniwekea sahani, akabaki amesimama.

"Hamduni, huu unga wa wiki hii una harufu. Na wale mafundi wangu watatu wa mitambo hawajaja kula tangu Jumatatu. Nasikia macho yamekuwa ya njano. Wewe uko huko huko. Nipike au nisipike?"

"Suala linafanyiwa kazi, dada."

"Sijakuuliza linafanyiwa nini. Nimekuuliza nipike?"

Hapa inabidi nieleze. Siku ya kuajiriwa, kila mtumishi wa Idara huapa, mkono ukiwa juu ya pakiti ya unga, kwamba ndugu yake wa damu atapewa jibu lile lile linalopewa gazeti. Niliapa. Lakini nisijifiche nyuma ya kiapo. Niliogopa. Nilikuwa na kiti kinachozunguka na jina langu mlangoni, na niliogopa kuvipoteza.

"Pika tu," nikasema.

Akapika. Mimi sahani yangu sikuigusa, na tangu jioni ile nikawa nakula viazi ofisini.

*

Macho ya njano yalipozidi kuonekana mitaani, Waziri wa Chakula aliitisha mkutano wa hadhara. Waliougua walipewa viti vya mbele na fulana.

"Ndugu wananchi!" alisema. "Pakiti ya unga wetu ni rangi gani?"

"Njano!"

"Jua letu tukufu ni rangi gani?"

"Njano!"

"Sasa mwananchi akiamka asubuhi macho yake ni ya njano, huo ni ugonjwa au ni uzalendo?"

Watu walipiga makofi. Wale wa mbele walipiga taratibu zaidi, kwa sababu ya matumbo. Kisha Waziri akala ugali mbele ya kamera, tonge saba, akalamba vidole. Unga wa ugali ule ulikuwa umeletwa kwa ndege kutoka nchi ambayo hatuna nayo uhusiano wa kibalozi.

Kumalizia, nikapewa redio. Kila baada ya taarifa ya habari sauti yangu ilisikika nchi nzima: "Kula bila wasiwasi. Na anayekwambia usile, muulize ametumwa na nani." Watoto waliishika kauli hiyo wakawa wanaichezea mchezo wa kuruka kamba. Niliwahi kupita mahali nikawasikia, nikasimama kuwasikiliza, nikafurahi.

*

Baada ya muda tukaarifiwa kwamba nchi jirani inayonunua unga wetu inatuma wakaguzi. Ikabidi K7 itoke madukani. Hatukuiondoa, tafadhali. Kwenye taarifa niliandika kwamba tumeialika irudi nyumbani. Magunia elfu ishirini yalirudi yakajaza ghala, korido na chumba cha kusalia.

Tatizo likawa: yaende wapi? Kuyachoma, moshi ungeonekana. Kuyafukia, Wizara ya Ardhi ilitaka sababu kwa maandishi. Kuyatupa mtoni, samaki wangeelea, na samaki wana idara yao yenye msemaji wake. Tulikaa kikao siku mbili. Siku ya pili, baada ya chai, niliinua mkono.

"Mkurugenzi, kwetu sisi mtu akifiwa, huendi kwake mikono mitupu. Unakwenda na unga."

Dakta Mapembe akaweka kalamu chini.

"Na misiba siku hizi," niliongeza, "ipo ya kutosha."

Dakta Mapembe aliinuka, akazunguka meza, akanikumbatia. Machozi yalikuwa yakimtoka kwelikweli. "Hamduni," alisema, "wewe una utu."

Msomaji atauliza kama sikujua K7 ni kitu gani. Nilijua. Lakini mambo niliyoyajua ofisini sikuwa na desturi ya kutoka nayo nje, kama vile mtu asivyotoka na kalamu ya ofisi. Nikapandishwa cheo siku hiyo hiyo, nikawa Mratibu Mkuu wa Rambirambi. Nikatunga na barua, moja kwa wote, yenye nafasi wazi za kujaza kwa mkono:

"Kinu cha Taifa kimepokea kwa masikitiko makubwa habari za kuondokewa na ndugu yenu .......... Marehemu alikuwa mteja wetu mwaminifu hadi siku ya mwisho. Tafadhali pokeeni magunia .......... ya Sembe Tukufu, ili waombolezaji wasikose nguvu ya kulia."

Lori lilipambwa kwa kitambaa cheusi, likaanza kuzunguka.

*

Wiki ya kwanza tulihudumia misiba kumi na miwili. Ya pili, thelathini na saba. Ya tatu ilibidi tuombe lori jingine. Nikawa naandika anwani, na mwandiko wangu ukaanza kuniambia jambo. Nikaenda kwa Mkurugenzi na daftari.

"Mkurugenzi, anwani zinajirudia. Tukipeleka unga msibani, baada ya siku chache tunaitwa nyumba ile ile. Au nyumba ya jirani aliyekwenda kupika."

Alisoma ukurasa mzima, akatabasamu. "Unajua hii inaitwaje kitaalamu? Uaminifu wa wateja."

Tukafanya na utafiti. Kati ya kila familia mia zilizofiwa, tisini na nne zilisema zimeridhika na huduma yetu. Sita zilizobaki hazikukutwa nyumbani. Si siku hiyo tu, hata tuliporudi tena kuzitafuta.

Jioni moja nilimkuta Siwema ameketi, jambo ambalo halikuwa kawaida yake. Kanga ilikuwa imefungwa juu ya kiuno, chini ya matiti, na tumbo lilikuwa limetangulia mbele.

"Nimetoka msibani kwa yule fundi wa tatu," alisema. "Siku nne tumepika magunia yenu. Njoo hapa karibu, nitazame."

Nilimtazama. Weupe wa macho yake ulikuwa umebadilika.

"Mimi sitaki jibu la redio," alisema. "Namuuliza mdogo wangu niliyemtafunia chakula alipokuwa hana meno. Mimi nimeshakula, yangu basi. Chiku ale au asile?"

Chiku alikuwa kizingitini anachambua mboga. Nilisikia majani yakikatika. Kiapo kilikuwapo, kiti kilikuwapo, na nilichofanikiwa kusema ni hiki: "Mpe viazi kwanza, dada. Viazi au mihogo. Huku suala linafanyiwa kazi."

Siwema aligeuka akamtazama Chiku.

"Kumbe," alisema.

Akainuka kwa kushika ukuta, akaenda kumwaga sufuria la wateja wa siku ile. Kisha akapita nyumba kwa nyumba akiwaambia majirani wasile. Walimpenda sana Siwema mtaani kwetu. Wakamuuliza, kwa upole, ametumwa na nani.

Kwa lugha ya kazini, dada yangu alisitisha matumizi Alhamisi iliyofuata, saa nne asubuhi. Kwa lugha aliyonifundisha yeye, Siwema amekufa na mimi nilimwambia apike.

*

Msiba ulijaa. Turubai lilifungwa, mikeka ikatandikwa, wanawake wakapanga majiko matatu ya mafiga uani, na Bi. Hidaya, mpishi mkuu wa misiba yote ya mtaa, akashika mwiko wake mrefu. Maji yalikuwa yameanza kuchemka lori lilipokata kona.

Sikuwa nimeliita. Lilikuja lenyewe, kwa utaratibu niliouweka mimi. Nyuma yake likaja gari la kamera, na nyuma ya gari la kamera akaja Dakta Mapembe amevaa suti nyeusi na kitambaa cha njano mfukoni. Vijana wa Kinu wakashusha magunia kumi. Kila moja lilikuwa na muhuri wa K7. Kabla sijavuka mikeka, mawili yalikuwa yamefunguliwa na unga umo majini.

Dakta Mapembe akasoma barua. Alipofika kwenye nafasi wazi, niliona jina la dada yangu limejazwa kwa kalamu ya bluu na katibu wangu, kwa mwandiko wa haraka. Alikuwa ameandika Siwena.

"Marehemu alikuwa mteja wetu mwaminifu hadi siku ya mwisho," Mkurugenzi alisoma, sauti ikimtetemeka pale pale nilipokuwa nimeandika pembeni kwamba itetemeke. Alipomaliza aliniinamia sikioni. "Hii ni heshima kwa Idara nzima. Mfiwa wa ndani! Shukuru kwa kifupi, utazame kamera ya kushoto."

Akanikabidhi kipaza sauti.

"Msile," nilisema.

Walidhani kipaza sauti kina hitilafu. Mtu mmoja alikuja akakipigapiga.

"Msile huu unga. Una sumu. Ndio uliomuua Siwema. Ndio uliowaua mafundi. Ndio unaotuzika sote."

Vikombe vilisimama hewani. Bi. Hidaya alitoka uani, unga mpaka viwikoni, akanijia polepole kama anayemfuata mtoto aliyepanda juu ya meza.

"Hamduni baba, pole. Majonzi haya. Si wewe mwenyewe uliyesema redioni tule bila wasiwasi?"

"Nilidanganya, Bi. Hidaya."

"Ukasema anayetuambia tusile tumuulize ametumwa na nani."

"Nilidanganya!"

"Muda wote huo?"

"Muda wote huo."

Aliwatazama wenzake, kisha akanirudia mimi, na hakuwa na hasira hata kidogo. "Basi sisi tukuamini lini, mwanangu? Siku zile ulipokuwa na akili zako, au leo ulipofiwa?"

Miaka kumi na mmoja nilifundishwa kujibu maswali. Bi. Hidaya hakungoja jibu, akarudi uani. Na msibani kukataa chakula ni kumtukana marehemu, kila mtu anajua hivyo. Kwa hiyo sahani zikaanza kupita, huku watu wakinipa pole.

Nilikimbilia uani nikalipindua sufuria la kwanza. Maji ya moto yaliniunguza mguu, kovu ninalo. Lakini masufuria yalikuwa matatu, na wanaume sita walinishika kabla ya la pili. Walinishika kwa huruma. Mmoja alikuwa akilia pamoja nami. Walinikalisha mkekani, wakanifunika kanga ya dada yangu.

Ndipo nikamwona Chiku. Yatima hulishwa wa kwanza, ndio upendo wetu. Walikuwa wamemnawisha mikono, wamemweka katikati ya wanawake, na Bi. Hidaya alikuwa akimkatia tonge, analipoza kwa pumzi yake. Mtoto alikuwa amekula viazi siku nane na alikuwa na njaa ya ugali. Alifungua mdomo.

Sijui niliwatokaje wale wanaume. Nilimpiga Chiku kofi mkononi, kwa nguvu zangu zote, tonge likaruka likaangukia mkeka. Alipojaribu kuliokota nikampiga tena. Nikamshika mdomo na kiganja, nikamkumbatia hivyo, anapiga mateke, anamwita mama yake. Kamera zote mbili, ya kushoto na ya kulia, zilipiga picha.

*

Taarifa ilitoka asubuhi yake. Niliisoma ikiwa imebandikwa ukutani kituo cha polisi, nilikolazwa usiku ule, na niliitambua, maana ilikuwa yangu. Nilikuwa nimeiandika miaka mitatu nyuma, ikawekwa kabatini kwa matumizi ya baadaye, nafasi zikiwa wazi.

"Idara inasikitishwa na tukio la Ndugu Hamduni, aliyezidiwa na majonzi. Idara inawahakikishia wananchi kwamba anapewa uangalizi wenye upendo. Kauli alizotoa hazina uhusiano wowote na ubora wa bidhaa. Suala linafanyiwa kazi."

Chini yake palikuwa na picha: mtumishi wa zamani akimpiga yatima msibani. Mimi mwenyewe nisingeamini mtu kama huyo.

Nikaletwa hapa, katika Nyumba ya Waliozidiwa na Majonzi. Tuko wengi. Bwana Lugendo yupo kitanda cha pili, aliletwa baada ya kuandika kwamba hata maua ya langoni yana macho ya njano. Wakaguzi wa nchi jirani walikuja, wakasifu mpangilio wa maghala, wakaondoka. Arobaini ya dada yangu haikufanywa. Waliopaswa kuisoma wengi hawakuwapo tena, Bi. Hidaya akiwa mmoja wao. Barua yake naambiwa ilijazwa jina sawasawa.

Chakula hapa tunapata cha bure, msaada wa Kinu, kutoka magunia yale yale ya K7. Ni ugali mchana na jioni, na mlezi husimama mlangoni kuhakikisha mgonjwa anamaliza. Nimesalimika kwa sababu moja. Chiku, anayeishi sasa kwa shangazi yake upande wa baba, huletwa kila Jumapili na bakuli la mihogo iliyochemshwa ikakaushwa, kubwa la kutosha wiki nzima nikijibana, na ugali wangu huutia ndani ya foronya. Hakuwa akizungumza. Aliweka bakuli, akakaa kwenye benchi, akaangalia ukuta mpaka shangazi amwite. Nilijiambia kwamba bado mkono unamuuma.

Jumapili iliyopita alizungumza.

"Mjomba."

"Naam, mama."

"Mama alipokuuliza mara ya kwanza kama apike." Alikuwa akiitazama mihogo. "Siku ile. Ulikuwa unajua?"

Sentensi ilipanda yenyewe mpaka kwenye meno, ile ile, imevaa tai. Niliisikia ikija. Chiku naye nadhani aliisikia, maana aliinua uso akasubiri kuona kama nitaitoa.

"Nilijua," nikasema.

Ndiyo taarifa fupi kuliko zote nilizowahi kutoa, na ya pekee ambayo Mkurugenzi hakuipitia wala kuikanusha. Chiku aliitikia kwa kichwa mara moja. Aliinuka, akachukua bakuli lake, mihogo yote ikiwa ndani, akalifunika vizuri kwa kitambaa, akatoka.

Nilikaa pale kwenye benchi. Saa saba kengele ya chakula ikalia, na mlezi akaja mlangoni na sahani yangu.